Kila Siku Namwaga Mtori wa Bibi Migombani

Mpendwa mshauri, shikamoo. Naomba msaada wako kwa jambo la jikoni, na najua wenzangu wanakuandikia habari za wachumba na za wazazi waliowakatalia, wewe utashangaa huyu naye analeta habari za sufuria, lakini mimi ni mtu wa aibu sana, na katika nyumba yetu hakuna hata mmoja ninayeweza kumwambia hili kwa mdomo, kwa hiyo nimeona heri nikwambie wewe usiyeijua sura yangu.

Mimi ni msichana wa kidato cha tatu, nasoma shule ya bweni, na kwetu ni Kilema. Mwezi wa tano mama alijifungua mdogo wangu wa kiume, anaitwa Yakobo, na nilipofunga shule mwezi wa sita nikamkuta mama yuko ndani, analala na mtoto, na bibi mzaa baba ndiye anayempikia mtori. Kwetu mzazi halimi wala hachoti maji, anakaa ndani miezi mitatu analishwa mtori wa ndizi mshare na nyama ya mifupa mpaka anenepe, na anayempikia ni mama mkwe, na mzazi akitoka nje amekonda aibu siyo yake, ni ya mama mkwe. Bibi yangu, jina lake Lukresia, anasifika kwa hilo. Wakwe zake wote wamepita mikononi mwake na wote walitoka wanang'aa, na wanawake wengine wakipata wajukuu wanakuja kumuuliza mfupa gani unaleta maziwa.

Sasa siku ya kwanza nilipopewa bakuli nimpelekee mama, mama alionja kijiko kimoja akaliweka chini akasema, "Kula wewe." Nikafikiri ananihurumia kwa vile nimetoka shule nimechoka, nikachota, mshauri ulimi wangu ulijikunja, ilikuwa chumvi tupu. Nikasema labda leo mkono umeteleza. Kesho yake ikawa hivyo hivyo. Siku ya tatu mama akaniambia nifunge mlango, akasema kwa sauti ndogo, "Umeona mwenyewe. Miaka kumi na saba niko kwenye kihamba hiki, kwenye migomba hii ya ukoo wao, na bado hajanisamehe."

Nikauliza, "Hajakusamehe kosa gani, mama?"

"La kutoka Mwika. La kuzaliwa Mlutheri. Siku naletwa hapa alinitazama kuanzia miguuni akasema mbele ya shangazi zangu, huyu hata mzigo wa kuni hatajua kuufunga. Nikabadili dhehebu, nikafunga kuni, nikazaa. Hajanisamehe. Chumvi hii haimwagiki kwa bahati mbaya, mwanangu, mtu aliyepika mtori maisha yake yote hakosei chumvi."

Na mimi nikaamini kwa sababu maneno ya mama yalikuwa na mantiki. Akanikataza nisimwambie baba, akasema baba atasema wanawake mna maneno, na kweli baba siku hizi anashinda barabarani kwa hawa wanunuzi wapya wa kahawa, akirudi kichwa kimejaa bei.

Lakini mama alikuwa anakonda, maziwa yakawa machache, mtoto ananyonya na kulia, ananyonya na kulia, na mimi siwezi kusikia mtoto akilia njaa katika nyumba yenye nyama inayomwagwa. Nikaamua nimpikie kitu. Muhula huu mwalimu wetu wa Sayansikimu, Mwalimu Ndelilio, alitufundisha chakula kimoja cha kuoka cha nafaka isiyokobolewa, kutoka katika kitabu cha Kiingereza, na kitabu kilisema kiwekwe mboga za autumn, na mimi kwa mara ya kwanza mwaka mzima nikanyoosha mkono nikauliza hiyo autumn inalimwa wapi, darasa zima likaangua kicheko, nilitamani sakafu inimeze. Mwalimu hakucheka. Akasema ni majira ya kwao, majani yanapukutika na watu wanavuna kabla ya baridi, huku kwetu hayapo, lakini na sisi tuna wakati wa mvua kwisha na ukungu kushuka, basi wekeni kile mnachovuna wakati huo. Kwa hiyo kwangu mimi hicho chakula kina boga, karoti, viazi vitamu na mnafu.

Naomba nikueleze ninavyokipika kwa sababu ndicho kitu pekee ambacho sikionei aibu. Ngano nzima yenye ganda lake naiosha na kuilowesha tangu jioni, asubuhi naichemsha mpaka ipasuke lakini isilainike kama uji, bado iwe ya kutafuna. Kitunguu nakikaanga na siagi mpaka kiwe kahawia kabisa, hapo watu wengi wana haraka. Boga nalikata vipande vikubwa kwa sababu likiiva linanywea, karoti na viazi vidogo zaidi, mnafu nauchemsha kidogo na kumwaga maji ya uchungu. Napaka siagi sufuria, napanga ngano, mboga, ngano, mboga, juu namimina maziwa mgando niliyoyapiga na yai. Nyumbani hatuna jiko la kuokea kama la shule, kwa hiyo naweka makaa machache chini na mengi juu ya mfuniko, na siri ni kuyapunguza ya chini mapema, usiyaonee huruma, chakula kiive kwa moto wa juu mpaka uso uwe na ganda la dhahabu na pembeni kianze kuachana na sufuria. Ukifunua, boga linakuwa limetoa utamu wake ukaingia kwenye ngano, na ngano inapasuka mdomoni moja moja.

Mama alikula, akasogeza sahani akasema, "Ongeza." Akauliza, "Hiki ndicho baba yako anacholipia ada?" Nikasema ndiyo, akacheka, sikuwa nimemwona akicheka tangu nifike. Tukawa tunafanya hivyo kila siku, na asubuhi anakunywa uji wa ulezi wa maziwa ninaoukoroga mimi. Kabla ya wiki mbili maziwa yakarudi, Yakobo akaanza kulala ameshiba, na mashavu ya mama yakajaa. Chakula napika kwenye jiko la mkaa nyuma ya nyumba yetu, na bibi anapika kwake kwa kuni, upande wa pili karibu na banda la ng'ombe, hivyo haoni. Mtori wake naupokea kwa mikono miwili, nazunguka migombani naumwaga, nyama naichukua naiosha kwa maji ya moto naila, halafu bakuli tupu nalirudisha.

Bibi analiinua bakuli juani. "Ameramba!" anasema. "Haika, mwambie mama yako haika." Yaani yeye ndiye anamshukuru mama kwa kula. Majirani wakija kumwona mtoto anawapeleka mlangoni kwa mama anasema, "Tazameni mzazi wangu. Tazameni ngozi hiyo. Na mlisema Lukresia amezeeka." Siku moja akanishika mimi shavu mbele yao akasema, "Na huyu je? Hivi aliyezaa ni mama yake au ni yeye?" Wakacheka wote, na mimi nikakimbia na bakuli langu maana nilijua nyama ya nani imo katika mashavu hayo.

Mshauri, kama yangeishia hapo nisingekuandikia. Wiki iliyopita mvua ya manyunyu ilinikamata nikaingia jikoni kwa bibi kumenya ndizi, kwa kawaida hapendi mtu amwingilie jikoni. Akatia nyama, akachukua chumvi kwenye kibuyu akatia. Akaanza kunisimulia jinsi mama yake mwenyewe alivyompikia, anasimulia anakoroga, halafu akasimama akauliza, "Nimeweka chumvi?" Nikafungua mdomo. Kabla sijatoa sauti akajijibu mwenyewe, "Bado," akatia. Akaniuliza kama ng'ombe wamekatiwa majani, nikasema tayari. Akaziponda ndizi, akatia samli, akaniuliza tena kama ng'ombe wamekatiwa majani. Kisha akachukua kibuyu, akatia chumvi mara ya tatu, akaonja kwenye kiganja, akafumba macho akasema, "Tamu." Akanipakulia bakuli la mama, na yeye akabaki amesimama anakwangua sufuria kwa mwiko anakula lile ganda la chini, anakula vizuri tu, kama halina kitu.

Nilitoka na lile bakuli mvuani nikasimama migombani sikuweza kulimwaga. Bibi hamchukii mama. Bibi anasahau, na hata ulimi wake haumwambii.

Sasa sikiliza ninavyobanwa. Mwezi wa nane mama anatoka nje, na katika ukoo wetu siku hiyo mzazi anamfunika mama mkwe blanketi mbele ya wanawake wote kumshukuru kwa kumlisha. Mama ameapa hatamfunika. Anasema atasimama atasema, "Blanketi hili ni la binti yangu, kwa maana ndiye aliyenilisha," na atasema habari za chumvi. Nikimwambia mama kwamba bibi anasahau, atamwambia baba, na baba na ndugu zake watamwondoa bibi jikoni, na bibi bila sufuria yake sijui atakuwa nani, si anaishi kwa hilo? Nikinyamaza, mama atamwaibisha mbele ya watu kwa kosa ambalo hana. Tena mwezi wa tisa mama mdogo Gladys, mke wa baba mdogo Jovin, anajifungua kule Moshi mjini, na bibi ameshafunga mzigo wake wa safari kichwani, anasema wa mjini ndio wanakonda zaidi. Huko nani atambadilishia Gladys bakuli? Na mimi shule inafunguliwa wiki ijayo, hata mama nani atampikia?

Nimwambie nani, mshauri, na niseme kwa maneno gani, maana mimi nikianza kusema nalia kabla sijafika katikati. Nakuomba usilitaje jina langu.

Mimi mtoto wako,
Mwenye Aibu, Kilema

*

Marahaba, mwanangu Mwenye Aibu. Barua yako nimeisoma mara mbili. Mara ya kwanza nilisikia njaa. Mara ya pili nikasikia uchungu.

Nianze na kukugombeza, tulimalize. Bibi yako aliuliza, "Nimeweka chumvi?" Swali lile alimuuliza nani? Jikoni mlikuwa wawili. Aliuliza kwa sababu alikuwa na shaka, na mtu mwenye shaka ameshakunyooshea mkono umshike. Wewe ukafungua mdomo ukaufunga. Utaniambia ni adabu, mtoto hamsahihishi mzee. Hapana. Kumwona mzee anaelekea shimoni ukakaa kimya kwa heshima, hiyo heshima inamsaidia nani? Ulikuwa na neno moja tu la kusema: "Umeshaweka, bibi." Hakuna tusi hapo.

Lakini nakuhurumia pia, tena sana. Umekuta mtoto analia njaa na watu wazima wawili hawazungumzi, na badala ya kulia nao ukawasha makaa. Mdogo wako anyonye ashibe, huo ni wema wako na hakuna atakayekunyang'anya. Kosa ni kwamba kila bakuli ulilolirudisha tupu lilimwambia bibi yako uongo, na kila mara ulipolimwaga ulimwambia mama yako kwamba anavyofikiri ni kweli. Umewalisha wote wawili, mmoja kwa sifa isiyo yake, mwingine kwa chuki isiyo na mwenyewe.

Na mama yako nimsalimie hapa hapa, maana najua gazeti hili litamfikia hata kama limefungiwa sukari. Mama, neno la kuni lilisemwa siku ya harusi na lilikuwa baya. Lakini umelihifadhi vizuri mno, mpaka chumvi ilipozidi ukajua jibu kabla hujauliza swali. Mwanamke anayekuchukia hainui bakuli lako juani kuona kama umeramba.

Sasa fanya hivi, na ufanye kabla hujafunga sanduku la shule.

Mwambie mama yako kwanza, peke yake, kabla ya baba. Unasema unalia kabla ya kufika katikati, basi usiseme maneno mengi yenye katikati. Subiri anapomwogesha mtoto, wewe ukiwa unamwaga maji, macho yenu yote yako kwa Yakobo, useme: "Mama, nimemwona bibi akitia chumvi mara tatu kwa sababu hakumbuki ya kwanza, na yeye mwenyewe anaila." Ukishasema hayo lia utakavyo, kazi imekwisha. Mama yako usimdai jibu hapo hapo. Umwache. Miaka kumi na saba haigeuzwi kwa beseni moja la maji.

Baba yako aambiwe na mama yako, siyo na wewe, na aambiwe kwa ajili ya hospitali, siyo kwa ajili ya jikoni. Ampeleke mama yake apimwe vizuri. Watu wengi wakiona mzee anasahau wanasema ni umri, wanakaa. Si lazima iwe umri tu, wakati mwingine kuna kitu kinachotibika, na hakuna wa kukijua mpaka daktari amtazame. Tena mnasahau jambo moja: huyo bibi naye amekuwa akiila hiyo chumvi wiki zote hizi. Aliyeokolewa na boga lako ni mama yako. Bibi yako nani amemwokoa?

Kuhusu sufuria, asinyang'anywe. Hapo uliogopa kwa haki. Ila asiachwe nayo peke yake. Siku zilizobaki nenda jikoni kwake, na safari hii usingoje mvua ikuingize, umwambie, "Bibi, nifundishe mtori kabla sijarudi shule, wewe pika, chumvi nitashika mimi." Unataka kujifunza, huo si uongo. Ukiondoka, kibuyu cha chumvi kihamie nyumbani kwa mama yako, mtori uje bila chumvi, na mzazi ajikoleze mwenyewe kwenye bakuli lake. Mama yako anaweza kufanya hivyo akiwa amekaa kitandani. Mjini vile vile: bibi aende, kwa nini asiende, Gladys anauhitaji ule mkono na zile hadithi. Lakini Jovin na mkewe waambiwe mapema, na chumvi ya nyumba ile ishikwe na mtu mwingine. Mfupa gani unaleta maziwa, hilo hajalisahau.

Blanketi bibi yako afunikwe. Hili mama yako asilijadili. Na wewe usitamani lije kwako, wakati wako upo.

Nimebakiza gumu kuliko yote, nalo ni lako peke yako. Wewe hutamwacha bibi yako ajisifie mtori uliomwagwa mpaka mwezi wa nane. Loweka ngano yako leo jioni. Kesho kaanga kitunguu bila haraka kama ulivyonifundisha mimi, panga boga lako, weka makaa juu, na hiyo autumn waachie wenyewe, sisi ukungu wetu unatosha. Kikishika rangi, kipeleke kwa bibi kingali cha moto, umwambie ukweli: "Bibi, mtori ulikuwa na chumvi, mama alishindwa, nikampikia hiki." Ataumia. Pengine atakaa siku nzima bila kukuita. Kisha, kama ninavyowajua wapishi, atakuita akuulize boga hilo ni la shamba gani, na kwa nini hukutia samli.

Ila kuna jambo nimelitafuta katika barua yako yote. Umeniandikia mama yako alivyokula, wewe ulivyokula, hata mtoto alivyoshiba. Nikatafuta mahali ambapo bibi yako ameketi akala, sikupaona. Nilimwona mara moja tu, amesimama, anakwangua sufuria ya mzazi. Amewalisha wakwe zake wote, na hakuna aliyeandika habari ya nani anampikia yeye. Kwa hiyo chakula chako usimpe mkononi ukakimbia na aibu yako. Tafuta kigoda, mketishe kwanza. Halafu umpakulie sehemu ya pembeni, ile iliyoshika ganda, na ukae naye mpaka amalize.